Ukuta Usio na Tundu

Supavaiza wetu hakuwahi kupita karibu na ukuta bila kuugusa. Uwe ukuta wa jengo tulilolinda, uwe wa kambi tulimolala, uwe wa duka la watu huko mjini, lazima aupapase kwa kiganja na kuutazama kutoka chini mpaka juu, kisha aendelee na safari yake kama mtu ambaye hajafanya kitu. Sisi wanawake wa zamu ya asubuhi tulimcheka sana. "Leo ameuposa wa benki," tuliambiana. Alisikia, maana masikio yake yalikuwa makali kuliko kamera zote za jengo lile, lakini hakukasirika. Alisema tu kwamba mlinzi aanze na ukuta, watu baadaye.

Mimi ni mtu wa Changamwe, na kazi yangu Doha ilikuwa kukagua mikoba ya akina mama kwenye lango la jengo la ofisi. Yeye alikuwa Mghana, mtu wa Akra, na nilimkuta hapa nilipokuja. Alikuwa amelala chumba kimoja na Wakenya na Waganda kwa muda mrefu hata akawa na Kiswahili cha kuokota: neno la Kisumu, neno la Kampala, na tusi moja la Mombasa alilodhani ni salamu, ambalo hakuna aliyekuwa na moyo wa kumrekebisha. Kiswahili hicho kilipomwishia alimalizia kwa Kiingereza. Hapa nitamsemesha kwa Kiswahili changu, la sivyo tutakesha.

Kila asubuhi alitupanga mstari, akatukagua viatu, akatoa maagizo, na sisi tukaitika "Yes sir" kwa pamoja. Ndipo anauliza, akitutazama mmoja mmoja: "Tumeelewana, au tumeitikiana?" Ole wako ukicheka. Angekuuliza agizo la tatu lilikuwa lipi, na hulijui.

Alikuwa mkali, sikatai. Aliwahi kuniandikia onyo kwa sababu nilikunywa maji nikiwa nimesimama langoni, mwezi ambao hata lami ilikuwa imelainika. Nikamwita roho ya simenti, mbele ya watu, na sikuomba radhi. Lakini ni yeye huyohuyo aliyemletea kiti mwenzetu mmoja Mganda aliyekuwa mjamzito na anayeficha. Viti vilikatazwa. Mudiri, yaani meneja wa jengo, alipotokea ghafla, Supavaiza alimwinua yule dada, akaketi yeye kwenye kile kiti, akakunja nne, akatukanwa pale kama mtoto wa shule kwamba ni mvivu na mzee asiyefaa. Aliitikia "Yes sir" yake mwenyewe. Mudiri alipoondoka akainuka, akapangusa kiti kwa leso, akamwambia dada wa watu akae. Sasa mtu kama huyo utamchukia vipi? Mimi nilijaribu, nikashindwa.

Jambo jingine alilokuwa nalo ni maji. Hakuweza kusikia bomba likidondosha. Angeacha chakula chake mezani akaenda kulifunga, na likiwa bovu angelifunga kwa kitambaa na kukaa karibu nalo akilisikiliza. Siku moja mvua ilinyesha Doha. Mnajua mvua ya huku ilivyo: inakuja mara chache, na ikija watu hutoka nje na simu zao kama wameona bibi harusi. Sisi tulitoka kwenye maegesho, tukavua kofia, Mkamba mmoja akaanza kucheza, Waganda wakapiga vigelegele. Maji yakaanza kujaa njia ya kuingilia magari, maana mchanga ulikuwa umeziba mashimo ya kupitishia maji. Supavaiza akaja mbio akiwa na suruali aliyoikunja magotini. Hakuwa anacheza. Akapiga magoti kwenye maji, akaanza kuchokoa mchanga kwa mikono mitupu, akitupigia kelele, "Mnacheka nini? Nyinyi mnacheka nini?" Tukaacha kucheza, tukaenda kumsaidia kuchokoa, bila kujua tumekosea wapi.

Baadaye, wakati wa chakula, ndipo aliponieleza. Nyumba ya dada yake mkubwa, aliyemlea, ilikuwa kando ya wangwa, yale maji ya chumvi yanayotuama nyuma ya ufuo, pembeni mwa Akra. Enzi za utoto wake palikuwa na mikoko mpaka macho yanachoka, na kaa wengi kiasi kwamba walikuwa wakiingia jikoni wenyewe. Dada alikausha samaki kwa moshi uani kwake, kwenye matanuri ya udongo, akauza sokoni, na kwa samaki hao Supavaiza akavaa sare ya shule. Mvua ikinyesha maji yalishuka kutoka mjini, yakapita nyuma ya nyumba, yakatulia kwenye mikoko, yakaenda baharini kwa wakati wake. "Tulikuwa tunayaangalia yakipita," aliniambia. "Tunayaona kama treni."

Halafu mji ukaja. Ndivyo alivyosema, mji ukaja. Mikoko ikakatwa, malori yakamwaga mchanga na kifusi usiku na mchana, na pale maji yalipokuwa yanalala pakapimwa viwanja. Watu waliosafiri wakanunua, wa Italia, wa Amerika, wa huku Ghuba.

"Na wewe?" nikamuuliza.

"Na mimi."

"Supa! Wewe uliyeona kaa wakiingia jikoni?"

"Chale," akasema, neno lao hilo la Akra analoanzia kila jambo zito, "nisingenunua mimi angenunua mwingine, na mchanga ungemwagwa vilevile. Angalau mimi ningekuwa jirani ya dada yangu."

Na huyu ndiye mtu aliyetucheka sisi Wakenya! Kila mapumziko alitukuta tumeinamia simu, tunaonyeshana ploti zetu za Kitengela na Mtwapa, akasema, "Kila Mkenya ana ploti, kila ploti ina picha, na hakuna mwenye ploti aliyeikanyaga." Tukacheka, naye akacheka zaidi. Kumbe yeye alikuwa na picha nyingi kuliko sisi wote, ila alizitazama akiwa peke yake, nyuma ya chumba cha jenereta.

Kwao, kama kwetu, kiwanja kikiachwa wazi kinauzwa mara ya pili na watu usiowajua. Kwa hiyo mtu wa ng'ambo akinunua, jambo la kwanza si nyumba. Ni ukuta. Uzungushe kwanza, nyumba itakuja Mungu akipenda. Supavaiza akamweka fundi, akawa anamsimamia kwa simu kila anapotoka zamu. Aliusimamia ukuta ule kama alivyotusimamia sisi. Alitaka picha ya kila mstari wa matofali. Siku fundi alipomletea picha ya ukuta umefika kiunoni, alikuja nayo mezani kwetu, amevimba.

"Ona huyu mtu. Ona alichonifanyia."

Nikaangalia. Ukuta mzuri tu. Ila chini kabisa, karibu na ardhi, fundi alikuwa ameacha matundu, moja hapa, jingine pale, upana wa tofali.

"Si ya paka hayo?" nikasema, nikimchokoza.

"Paka apite getini kama watu! Mimi nimelinda kuta maisha yangu yote. Ukuta wenye tundu huo ni mlango." Akampigia fundi palepale, akamwambia ayazibe yote, kwa simenti nzito, na amtumie picha kila moja likizibwa. Fundi akasema, "Sawa, bosi." Mtu wa ng'ambo habishiwi huko kwao, kama asivyobishiwa kwetu, maana ndiye anayetuma. Picha zikaja. Akazikuza kwa vidole, akazikagua, akaridhika. Siku hiyo alitununulia sambusa.

Mvua za Akra zilipofika, video ikaja wakati wa chakula cha mchana. Aliifungua mbele yetu, kwa sababu alidhani dada anamsalimia tu. Ua lote lilikuwa maji. Matanuri mawili yalikuwa yamelainika na kubomoka, makaa yanaelea, na kigoda kinazunguka taratibu kama kinatafuta pa kukaa. Dada mwenyewe haonekani, amekishika kisimu juu, lakini sauti yake ilikuwa ya uchangamfu, anasema kwa lugha yao. Supavaiza akatutafsiria bila kufikiri: "Anasema, mdogo wangu, tumeletewa bahari nyumbani." Tukaguna, tukasema pole, pole sana. Yeye akairudisha video mwanzo. Akairudisha tena. Simu ya dada ilikuwa imeuonyesha ukuta wa Supavaiza, ukuta safi, mrefu, na maji yalikuwa yameuegemea, hayana pa kwenda.

Akampigia fundi na simu ikiwa juu ya meza, sauti wazi.

"Fundi, maji yanatoka wapi?"

"Yanatoka mjini kama siku zote, bosi. Yalikuwa yapite kwako."

"Kwa nini hayapiti?"

"Bosi, yale matundu uliyosema niyazibe. Yalikuwa ya maji."

Mungu wangu. Hakuna aliyetazama mwenzake pale mezani. Supavaiza alisema asante, akaikata simu, akachana karatasi ya mkate wake vipande vidogo vidogo. Muda wa zamu ulipofika akainuka, akatupanga mstari, akasoma majina yetu yote bila kukosea. Hakutuuliza kama tumeelewana.

Kesho yake nilimuuliza, kwa sababu mimi mdomo wangu haujui kutulia, dada amesema nini kuhusu ukuta.

"Hajasema."

"Hajui?"

"Anajua. Alikuwa amesimama pale fundi akiziba. Yeye amezaliwa na maji yale, atakosaje kujua?"

"Sasa mbona hakukwambia?"

Alinitazama kama ninayemchosha. "Kwa sababu ni ukuta wangu. Alikuwa anawaonyesha watu wa sokoni. Aliwaambia, ule pale ni wa mdogo wangu."

Nililia siku hiyo, nasema kweli. Nililia chooni, nikanawa uso, nikarudi kukagua mikoba.

Matundu yakafunguliwa upesi. Maji yakapita kwenye kiwanja chake, yakafika mwisho wake, yakakuta ukuta mwingine, yakarudi. Mwenye ukuta huo wa pili, kuulizauliza, kumbe naye yuko Qatar, fundi wa viyoyozi huko Lusail! Supavaiza alifurahi kama mtu aliyepata dawa. "Ni mtu wetu," akasema, "tutazungumza." Ijumaa ile akaniomba nimsindikize, eti mbele ya mwanamke hawatagombana. Tukapanda treni mpaka Lusail, kwenye yale majengo mapya ambayo hata vivuli vyake ni vipya. Njiani alitazama dirishani mahali ambapo wenyewe wanasema zamani palikuwa mchanga na maji, akasema, "Hapa nao walijaza. Lakini hapa kuna pampu, na kuna mtu analipwa kuiangalia." Hakusema kwa wivu. Alisema tu.

Yule bwana alitupokea vizuri kuliko tulivyotegemea. Kijana mpole, amevaa shati la kanisani. Akatuagizia chai ya maziwa yenye iliki, akamsikiliza mzee mpaka mwisho bila kumkatiza. Kisha akatoa simu yake naye, akamwonyesha picha. Nyuma ya ukuta wake kulikuwa na mlima wa mchanga uliopita ukuta kimo, umemwagwa na mtu anayeishi Italia.

"Baba," alimwambia kwa heshima, "nikibomoa wangu, mchanga huu utaniingia wote, na maji hayatapita. Wa Italia abomoe kwanza, mimi nitabomoa siku hiyohiyo. Nakuapia."

"Na wa Italia ukimpigia anasemaje?"

"Anasema nyuma yake kuna mwingine."

Wakanywa chai. Waliulizana habari za mitaa, shule walizosoma, mpira. Yule kijana alikataa katakata tulipe. Alimwombea dada palepale kwenye kibaraza cha mkahawa, ameinamisha kichwa, na akaomba vizuri. Katika treni ya kurudi Supavaiza alihesabu vituo mpaka karibu tushuke. Halafu akasema, "Ningependa angekuwa mtu mbaya."

Hakukoma, lakini. Hilo nimwandikie haki yake. Alipiga simu kwenye ofisi za mji kwao, kila siku, kwa saa yao, akiwa amesimama kwenye joto nyuma ya jenereta ili tusimsikie akibembeleza. Alitaka waje waone njia ya maji ilivyozibwa. Wakaja kweli. Wakatembea, wakapima, wakauliza ni nyumba zipi zimekaa kwenye njia ya maji, na wakapaka alama nyekundu ya kubomolewa. Hawakuipaka kwenye ukuta wa Lusail, wala mchanga wa Italia, maana wenyewe hawakuwepo na karatasi zao zilikuwa sawa. Waliipaka kwenye nyumba ya dada. Ndiyo iliyokuwa imekaa pale kabla ya wote, na haikuwa na karatasi yoyote, kwa sababu ilipojengwa hakukuwa na mtu wa kumwomba.

Aliponiambia nilisema neno baya, kwa sauti, katika jengo la watu. Yeye alisema, "Mimi ndiye niliyewaita. Mimi ndiye niliyewaelekeza njia." Kwa shida tulimshawishi ale siku hiyo.

Jambo la mwisho alilolifanya ni kuubomoa ukuta wake wote. Alimwambia fundi asiache hata tofali. Nilimwuliza kama ana uhakika, maana kile kiwanja ndicho alichokuwa nacho duniani, ndicho kilichomweka huku miaka yote mbali na watu wake. Akasema ana uhakika. Ukuta ukaanguka, maji yakapungua uani kwa dada kwa kimo cha kifundo cha mguu tu, na kabla ya mvua kwisha mtu mwingine alikuwa amemwaga kifusi kwenye kiwanja na kuandika jina lake kwa rangi. Akajenga ukuta wake. Nilimuuliza Supavaiza kama una matundu. Akasema hauna.

Mimi nilihamia kazi ya hotelini baada ya hapo, na yeye alivuliwa usupavaiza, eti umri, akapelekwa kulinda lango la ghala mbali huko. Tukapotezana. Niliuliza habari zake kwa Waghana nikaambiwa yupo, haendi likizo, hasemi na watu sana.

Nilimwona tena mwaka huu, Ijumaa moja ya Juni, huko Mesaimeer penye makanisa, tulipokuwa tunatoka ibadani, maana huku ibada ni Ijumaa. Joto lilikuwa la kukufanya usahau hata mchungaji alihubiri nini. Watu walikimbilia magari. Yeye alikuwa ameketi kwenye kivuli chembamba cha ukuta wa nje, shati jeupe limefungwa mpaka kooni, amekonda. Nilimwita Supa, akainuka kunisalimu, akanipa ile salamu yake ya tusi la Mombasa, nami nikaitika kama siku zote.

Tukaketi. Nikamuuliza dada hajambo.

"Yupo," akasema. "Amekataa kuondoka. Hawajaja kubomoa bado, na yeye anasema wakija watamkuta. Juzi nilimpigia, mvua ilikuwa inanyesha. Akanikaripia. Hajawahi kunikaripia tangu nikiwa mtoto. Akasema, ukipiga mvua ikinyesha inanibidi nikuonyeshe uso mzuri, na mikono yangu ina ndoo. Usinipigie tena wakati wa mvua. Wala usiangalie kwenye simu yako kama inanyesha, maana ukijua tu utapiga, nakufahamu. Niache nikombe maji kwa amani. Kukikauka nitakupigia mimi."

"Ukamwambia nini?"

"Nikamwahidi."

Simu yake ilikuwa mfukoni, nilijua, kwa jinsi alivyokuwa ameufunika mfuko kwa mkono. Magari yakajaa, yakaondoka, mengine yakaja. Akajikohoza.

"Dada, una bando?"

"Ninalo."

"Niangalizie Akra." Nilipomtazama akainua mkono upesi. "Niliahidi simu yangu. Yako sikuiahidi. Usiniambie ni mvua ya namna gani, wala itakwisha saa ngapi. Niambie tu inanyesha au hainyeshi."

Nikaitoa simu. Mikono yangu ilikuwa na jasho, kioo kikakataa kunisikia, nikakifuta kwa sketi. Nikaandika jina la mji wake, nikasubiri kile kiduara kizunguke. Nilikuwa nimeshajiandalia uongo, nausikia ulimini: jua, Supa, jua kali kama la hapa. Kisha nikamwona anavyonitazama usoni, kama alivyokuwa akitutazama kwenye mstari, na sikuweza.

"Inanyesha," nikamwambia.

Akaitikia kwa kichwa. Akautoa mkono mfukoni, akaweka mikono yote miwili katikati ya magoti, akaifumbata.

"Sasa hivi anakomba," akasema.

Gari la hotelini kwetu likaja, dereva akapiga honi. Nikaliacha liende.